Co si CO: Mambo ya Kufanya na Kutofanya kwa Anayeishi Juu ya Madini

Nafundisha kemia hapa Kolwezi. Kila mwaka nakuta darasani watoto wanaokariri orodha ya elementi kama dua wasiyoijua maana, na kengele ikilia wanatoka nje na kuzikanyaga elementi hizohizo kwa kandambili. Vumbi linalowafuata hadi mlangoni lina shaba. Jiwe jeusi wanalolitia kwenye manati huenda lina kobalti. Baba zao hushuka mashimoni kuzitafuta, mama zao huziosha mtoni, na mwenye depo huzinunua kwa bei anayoitaja yeye. Nchi yetu hutoa zaidi ya theluthi mbili ya kobalti yote inayochimbwa duniani, na Lualaba ndiyo kitovu chake. Haifai mtu wa Lualaba awe wa mwisho kuijua.

Kwa hiyo sibembelezi. Yafuatayo ni maagizo na makatazo. Yabandike ukutani, yasome kwa sauti, yafuate.

DARASANI

1. Andika alama kama ilivyo. Herufi ya kwanza ni kubwa. Ikiwepo ya pili, ni ndogo. Cu ni shaba, namba 29. Co ni kobalti, namba 27. Lakini CO, herufi zote kubwa, si elementi hata kidogo: ni kaboni (C) iliyoshikana na oksijeni (O), hewa ya sumu isiyo na rangi wala harufu. Muhula mmoja mwanafunzi wangu aliandika kwamba CO hutiwa kwenye betri za simu. Nikamnyima alama zote za swali lile. Baba yake akaja shuleni. "Mwalimu, kwa herufi moja tu?" Nikamjibu: ndiyo mzee, kwa herufi moja. Ile yenye o ndogo inaulisha mji huu. Ile yenye O kubwa inauzikia watu. Alama sikuzirudisha, na ukisoma hadi kifungu cha 11 utajua kwa nini.

2. Usichanganye Mn na Mg. Mn ni manganizi, namba 25, iliyochimbwa Kisenge, magharibi ya jimbo letu. Oksidi yake ndiyo ule unga mweusi ulio ndani ya betri kavu ya tochi. Mg ni magnesi, namba 12, metali nyepesi inayowaka kwa mwanga mweupe wa kuumiza macho. Bila Mg hakuna ukijani wa majani, na sombe isingekuwa sombe.

3. Jifunze jina limetoka wapi. Cu ni kifupi cha neno la Kilatini, cuprum, linalotokana na kisiwa cha Kupro walikochimba shaba Warumi. Sisi tulikuwa na jina letu, mukuba, na wazee wetu hawakungoja Mzungu awaonyeshe. Shaba huyeyuka kwenye nyuzi joto 1,085, nao waliufikia moto huo kwa tanuru la udongo, makala na mivukuto. Waliimimina katika kalibu zenye umbo la msalaba, na misalaba hiyo ikawa fedha ya sokoni na ya mahari. Tangu miaka ya 1970 hadi 1997 Katanga nzima iliitwa Shaba. Taifa lililoita jimbo zima kwa jina la elementi haliwezi kusema elementi ni mambo ya kigeni.

Kobalti nayo ilipewa jina kwa hofu. Wachimbaji wa Ujerumani wa zamani walikuta mawe yaliyofanana na ya fedha, wakayachoma, wakapata moshi wenye aseniki (As) uliowadhuru. Wakasema ni kazi ya kobold, pepo wa migodini. Katika miaka ya 1730 Georg Brandt wa Sweden akaonyesha kwamba ndani yake mna metali ambayo haikuwa ikijulikana. Kilichowadhuru wale watu kilikuwa sumu yenye jina, si pepo. Likumbuke hilo kila unaposikia mtu akisema fulani amefia shimoni kwa kurogwa.

MBELE YA JIWE

4. Usilitambue jiwe kwa rangi peke yake. Malakiti ya kijani ina shaba, ni kweli. Heterojeniti nyeusi ndiyo jiwe kuu la kobalti hapa kwetu, ni kweli pia. Lakini manganizi nayo ni nyeusi, na yapo mawe ya kijani yenye shaba kidogo mno kiasi cha kutolipa hata nauli ya pikipiki. Rangi inakupa dhana tu. Kipimo ndicho kinachokupa jibu.

5. Usiweke ndani ya nyumba jiwe la manjano kali au la rangi ya chungwa, wala jiwe jeusi lenye uzito usio wa kawaida, mpaka limepimwa. Urani (U, namba 92) hutembea pamoja na shaba na kobalti katika ukanda huu. Wataalamu wa madini duniani kote wanaijua Musonoi, kitongoji chetu, kwa mawe yake adimu yenye urani. Na Shinkolobwe, karibu na Likasi, ndiko ilikotoka sehemu kubwa ya urani ya bomu lililoangushwa Hiroshima tarehe 6 Agosti 1945. Mgodi ule ulifungwa kabla ya uhuru. Watu wakarudi kuchimba kobalti juu ya urani, serikali ikapiga marufuku mwaka 2004, na mwaka huohuo shimo likaporomoka na kuua.

Urani haitoi harufu, haiunguzi mkono. Inachofanya ni kuoza polepole kwa mabilioni ya miaka, na katika kuoza huko huzaa radiamu (Ra), kisha radoni (Rn), ambayo ni hewa. Radoni ikijikusanya katika chumba kisicho na dirisha, huvutwa mapafuni na huleta saratani. Jiwe zuri la kupamba meza ya sebuleni halina thamani ya mapafu yako.

SHIMONI

6. Usiwashe injini ndani ya shimo, wala karibu na mdomo wake. Hapa CO huua. Injini ya pampu au ya jenereta hutoa CO katika moshi wake, na hewa hiyo haipandi yote juu wala haitui yote chini, huchanganyika na ile unayovuta. Ikifika kwenye damu hushikana na himoglobini kwa nguvu inayoizidi oksijeni zaidi ya mara 200. Mtu anaumwa kichwa, anasikia uzito wa miguu, anataka kukaa kidogo apumzike. Haamki. Injini iwe juu, mbali, upande ambao upepo unaupeleka moshi wake nje ya shimo.

7. Usitegemee mshumaa. Mshumaa huzimika oksijeni ikipungua, lakini CO inaweza kukuua mshumaa ukiwa bado unawaka. Na mwenzako akianguka chini, usimfuate kabla hewa safi haijapulizwa shimoni. Mara nyingi wa pili na wa tatu hufa kwa huruma, wakiwa wamemwinamia wa kwanza.

8. Usipite mita 30. Ndicho kina cha mwisho ambacho kanuni za nchi zinamruhusu mchimbaji mdogo, na hata kabla ya hapo, ukuta usio na nguzo ni kaburi lililo wazi. Tarehe 27 Juni 2019 kingo za machimbo ya KOV, hapahapa Kolwezi, ziliporomoka na watu zaidi ya 40 wakafa. Wala usimpeleke mtoto. Sheria inamkataza aliye chini ya miaka 18. Umaskini naujua, nauona kila asubuhi kwenye madawati yaliyo wazi. Lakini mfuko wa mawe aliobeba mtoto haujawahi kulipa maisha yake.

9. Lowesha jiwe kabla ya kulipasua, na ufunike pua na mdomo kwa barakoa inayobana. Vumbi la kobalti huchokoza mapafu, huleta pumu, na hutia ngozi upele usiopona maadamu kazi inaendelea. Kitambaa cha fulana kilichofungwa usoni ni afadhali ya uso mtupu, lakini hakilizuii lile vumbi laini, na lile laini ndilo linalofika ndani kabisa.

DEPONI

10. Fanya hesabu yako kabla ya kufika. Hapa naomba kila mchimbaji, na kila mtoto wa mchimbaji, ashike kalamu. Mfuko wa kilo 50 wenye kobalti asilimia 2 una kilo 1 ya kobalti. Mashine ikisoma asilimia 1, umeuza nusu kilo na nusu kilo nyingine umeitoa sadaka. Katika mifuko 20 umetoa kilo 10. Hakuna elimu ya juu katika hesabu hii: ni kuzidisha, kisha kugawanya kwa 100.

Ile mashine ya mkononi ambayo mji mzima unaiita Metorex hurusha miale ya eksirei kwenye jiwe, kila elementi ikajibu kwa mwale wake, na kioo kikaandika Co, Cu, Fe na kiasi chake. Ni chombo kizuri. Lakini huona sehemu ndogo tu ya juu ya kile kilicho mbele yake. Kwa hiyo:

Fanya: changanya mzigo, chukua kidogo kidogo toka kila mfuko, saga, kausha, ndipo upime. Pima mahali zaidi ya pamoja. Simama palipo na kioo, usome mwenyewe. Ukiweza, pima depo mbili.

Usifanye: usikubali namba inayotamkwa na mtu aliyegeuza kioo upande wake. Usipeleke mzigo uliolowa maji ukidhani umeongeza uzito; mnunuzi atakata kwa ajili ya maji, naye ndiye atakayeamua akate kiasi gani. Usiuze mzigo wenye Co na Cu kama wenye Cu peke yake, maana ni elementi mbili zenye bei mbili. Na usiuze bila kujua habari za wiki. Februari 2025 serikali ilisimamisha kusafirisha kobalti nje ya nchi, na baadaye, mwezi wa Oktoba, ikaweka viwango maalumu kwa kila kampuni. Uamuzi wa namna hiyo hufika kwenye mfuko wako kabla hujausikia redioni.

NYUMBANI

11. Usilale na mbabula, jiko la makala, ndani. Narudi kwenye herufi ile. Msimu wa mvua mmoja, mtaa wa nyuma ya kwangu, familia ilipika bukari jioni, mvua ikawaingiza ndani, wakaiingiza na mbabula ili iwape joto. Wakafunga dirisha, wakaziba na upenyo wa chini ya mlango kwa kitenge kilichokunjwa. Makala hayakuwa yakitoa moshi. Yalikuwa mekundu, mazuri, ya kupendeza kutazama. Asubuhi mlango ulivunjwa. Nilikiona kitenge kile bado kimekunjwa vizuri pale chini, na mbabula imejaa majivu meupe.

Makala yakiungua penye hewa ya kutosha hutoa CO2. Hewa ikipungua hutoa CO. Kutokuonekana kwa moshi si dalili ya usalama. Mbabula ilale nje, hata kama mvua inanyesha, hata kama ni baridi ya Juni. Ukisikia kichwa kinauma na wenzako chumbani nao wanalalamika vivyo hivyo, usitafute dawa ya malaria kwanza: toka nje, watoe wote.

12. Usiingie ndani na nguo za kazi. Vua nje, kung'uta mbali na jiko, oga, ndipo umbebe mtoto. Mtaani Kasulo, mwaka 2014, mtu mmoja aliyekuwa akichimba kiwanjani kwake alikuta kobalti, na muda si muda watu wakawa wanachimba hata ndani ya vyumba vyao vya kulala. Profesa Célestin Banza Lubaba Nkulu wa Chuo Kikuu cha Lubumbashi na wenzake wa Leuven, Ubelgiji, waliwapima wakazi, na mwaka 2018 wakatangaza matokeo: wakazi wa Kasulo walikuwa na kobalti nyingi mwilini kuliko watu wa mtaa wa kulinganisha, na watoto waliwazidi wakubwa. Watoto wale walivuta na kumeza kilichotua kwenye sakafu wanayotambaa. Dekia kwa tambara bichi. Kufagia pakavu ni kulirusha vumbi lirudi mezani.

13. Usile udongo wa pemba uliochimbwa karibu na migodi. Mama mjamzito, najua hamu hiyo ilivyo kali, sikucheki wala sikulaumu. Lakini udongo wa ukanda huu unaweza kubeba risasi (Pb), aseniki na urani, na anayeula anamlisha aliye tumboni. Mwili ukitaka chuma (Fe), upe sombe, maharage na nyama. Ukitaka kalsiamu (Ca), upe ndagala wazima pamoja na mifupa yao. Ukitaka iodini (I), chagua chumvi iliyotiwa iodini. Hata kobalti mwili unaihitaji, ila ni chembe ndogo mno, nayo imo tayari ndani ya vitamini B12 ya samaki, mayai, nyama na maziwa. Hakuna aliyewahi kuipata vitamini hiyo kwa kulamba vumbi.

14. Usipikie nyanya, ndimu wala chochote kichachu katika chombo cha shaba kisichopakwa bati (Sn) ndani. Uchachu huila shaba, na shaba hiyo hukutapisha. Ukiona kutu ya kijani ndani ya chombo, acha kukitumia.

15. Usitie maji ya kunywa katika pipa au bidoni lililobeba kemikali za kiwandani, hata likioshwa mara saba. Plastiki hunywa kilichokuwemo. Wala usivunje betri ya gari uani ili uyeyushe risasi yake. Kabwe ya Zambia mgodi wa risasi ulifungwa mwaka 1994, na mpaka leo watoto waliozaliwa baada ya hapo wana risasi kwenye damu. Risasi ikiingia kwenye akili ya mtoto, mwalimu hawezi kuitoa.

16. Usichome nyaya ili upate shaba. Shaba huishinda kila metali isipokuwa fedha (Ag) katika kupitisha umeme, ndiyo maana nyaya zina bei. Lakini ile plastiki inayozivika ina klorini (Cl), na moshi wake mweusi unachoma koo na kubaki mwilini. Chuna kwa kisu.

BARABARANI, MTONI NA SHAMBANI

17. Lori la asidi likianguka, kimbia kinyume cha upepo. Usikimbilie kuchota, usikimbilie kupiga picha. Viwanda vyetu huyeyusha mawe kwa asidi ya salfuriki, H2SO4, kisha hupitisha umeme ndani ya maji yake, na shaba ikajipaka kwenye bamba, jekundu, safi kwa karibu asilimia 100. Elimu hiyo ni nzuri. Lakini Februari 2019, kwenye barabara ya Kolwezi na Lubumbashi, lori la asidi liligongana na basi na watu wapatao 20 wakafa. Asidi ikikugusa, vua nguo mara moja, jimwagie maji mengi, yanayotiririka, kwa dakika 20 au zaidi. Usisugue. Usipake mafuta. Na wewe fundi wa maabara, au mwanafunzi wangu: asidi ndiyo humiminwa ndani ya maji, polepole. Ukimimina maji ndani ya asidi, joto litayachemsha papo hapo na yatakurukia usoni.

18. Usioshee mawe mahali watu wanapochota maji, na usichote mahali mawe yanapooshwa. Ukiona maji yamegeuka rangi au samaki wanaelea, usingoje tangazo.

19. Usipande mboga juu ya mabaki ya migodi. Udongo wenyewe unakuonya. Tazama vilima vyetu vya shaba: miti haipo, ni nyasi tu, na katikati yake lile ua dogo la zambarau ambalo wataalamu huliita Haumaniastrum katangense na wengine huliita ua la shaba. Limezoea kuishi mahali ambapo mimea mingine hufa. Watafutaji wa madini walilifuata kama alama, na linaota hata juu ya masalia ya matanuru ya wazee. Linapoota ua hilo, usiteremshe jembe. Peleka mchicha wako penye miti.

LA MWISHO

20. Usiikunje karatasi hii ukaiweka. Leo jioni, mbabula ikiwa bado nje, mwite mtoto wako. Mpe kipande cha makala kilichopoa. Mwambie aandike ukutani Co, na pembeni yake CO. Muulize ipi inayochimbwa na baba, na ipi inayotoka kwenye makala hayo aliyoyashika. Akijibu sawa, muache akalale. Asipojibu, mfundishe hapohapo, na usifunge mlango kabla hajajua.